Karatasi ikiandikwa "Hartmann", uliza ni Hartmann yupi

Wiki iliyopita dada mmoja wa Mombasa ameniandikia. Baba yake alipasuliwa tumbo usiku wa manane, akalazwa, kisha akaruhusiwa kurudi nyumbani na karatasi yenye mwandiko ambao ni Mungu tu awezaye kuusoma. Neno moja ndilo lililosomeka: Hartmann. Mzee ana mfuko wa choo ubavuni kushoto, na mifuko waliyopewa hospitalini inakaribia kwisha. Basi binti akatoka duka la dawa hili akaingia lile, akiuliza "mfuko wa Hartmann". Duka la kwanza walimkodolea macho. La pili wakamletea dripu.

Dada yangu, pole sana. Hartmann ya kwenye karatasi ile ni jina la operesheni aliyofanyiwa baba yako, si jina la mfuko. Huyo wa dukani wala hakukosea, maana kuna maji ya dripu yanayoitwa Hartmann. Na lau ungelisema "mfuko wa Hartmann" mbele ya daktari wa upasuaji, huenda angeelewa jambo la tatu kabisa: kijisehemu kilichobetuka karibu na shingo ya kifuko cha nyongo, ambacho hakina uhusiano wowote na choo cha baba yako. Nilikujibu kwa ufupi kwenye simu. Hapa najibu kwa kirefu kwa sababu si wewe wa kwanza kuniuliza, na kwa sababu jina hilo limeshanikosesha usingizi mimi mwenyewe.

Mnaonifuata siku nyingi mnajua kazi yangu. Naendesha trela, Mombasa hadi Malaba, na mzigo ukitaka, hadi Kampala. Najua pia wengi wenu mnaosoma hapa mnakitaka kile nilichokitaka mimi: si kupona tu, ni kurudi kwenye usukani na kuitwa dereva tena. Kwa hiyo naongea nanyi kama tuko kwenye foleni ya mizani ya Mariakani na hakuna anayetuharakisha.

Tumbo lilianza kunijaa tulipokuwa tumeipita Voi. Nikadhani ni gesi. Dereva gani hana gesi? Tunakula maharagwe usiku, tunabana choo kutwa nzima, tunakunywa soda badala ya maji. Tulipofika Mtito Andei tumbo lilikuwa limewambwa kama ngoma, upepo hautoki, choo hakitoki, na taniboi wangu ndiye aliyenishusha kwenye kiti. Sitaitaja hospitali niliyopelekwa. Walinipiga picha ya eksirei, na kwenye picha likaonekana pindo moja kubwa la utumbo lililovimba likajaza tumbo lote. Madaktari wana jina la picha hiyo, huiita punje ya kahawa, na ukiiona utakubali.

Kile kipande cha mwisho cha utumbo mpana, kabla ya puru (sehemu inayoishia kwenye njia ya haja kubwa), kinaitwa sigmoidi. Changu kilijisokota chenyewe kwenye shina lake, damu ikakatika. Ugonjwa huo ni volvulasi. Madaktari wa upasuaji wa huku kwetu Afrika Mashariki wanaujua vizuri. Ulaya huwapata zaidi wazee sana, lakini huku huwashika hata wanaume wenye nguvu zao, watu wa kazi. Ukiwahi, mara nyingi huingizwa mpira kupitia njia ya haja kubwa, gesi ikatoka na utumbo ukajikunjua, kisha upasuaji ukapangwa kwa utulivu. Mimi sikuwahi. Walipofungua tumbo walikuta sigmoidi imeshakuwa nyeusi.

Siku za wadini naziruka. Uji, joto, na jirani anayekoroma. Ninachotaka mjue ni kwamba niliamka nina mfuko tumboni na hakuna mtu aliyenieleza umetoka wapi. Daktari mkubwa alikuja na wanafunzi wake, akasimama miguuni pa kitanda, akasema "Hartmann" na Kiingereza kingine juu yake, wakaitikia kwa vichwa, wakaenda zao kitanda cha pili. Nami nimelala pale, mtu mzima, baba wa watoto, natazama dari.

Mpwa wangu alikuwa ametoka kumaliza kidato cha nne na simu yake ina bando. Akalisikia lile jina, akatafuta, akapata: maji yenye chumvi na lakteti, hupewa mgonjwa kwenye mshipa. Akampigia mamangu Kaloleni, "Nyanya, usiwe na wasiwasi, mjomba ametiwa dripu tu." Mama akawatangazia majirani kwamba mwanawe ametiwa maji na yu mzima. Alipokuja kunitazama nyumbani akaukuta mfuko, alikaa kwenye kiti akanyamaza. Mpaka leo anaamini tulimficha makusudi. Nimemweleza mara nyingi kwamba hakuna aliyemficha, ni majina yamegongana. Ananiitikia, lakini namjua mamangu.

Sasa hebu tuyatenganishe hayo majina.

Hartmann wa dripu ni Alexis Hartmann, daktari wa watoto wa St. Louis, Marekani. Miaka ya 1930 aliyachukua maji ya chumvi ya Mwingereza Sydney Ringer, akayaongezea lakteti ili kuwasaidia watoto ambao damu yao imezidi asidi. Ndiyo maana wauguzi wengine wanayaita Ringer lakteti. Dripu ni karibu ile ile.

Hartmann wa upasuaji ni Henri Hartmann, Mfaransa wa Paris. Mwaka 1921 alieleza mbele ya madaktari wenzake operesheni aliyowafanyia wagonjwa wenye saratani ya sigmoidi. Kijisehemu kile cha kifuko cha nyongo nacho kina jina lake huyu huyu, mtu hakutosheka na kiungo kimoja. Kuna na kampuni ya Kijerumani ya bandeji inayoitwa Hartmann. Siku nilipoliona jina hilo kwenye pakiti ya kufungia kidonda changu, nilicheka mpaka mshono ukaniuma.

Alichofanya Henri ni hiki. Alikikata kipande kibovu cha sigmoidi akakitoa. Ncha ya chini, ile iliyobaki na puru, akaishona na kuiacha ndani ya nyonga. Ncha ya juu akaitoa nje kupitia ukuta wa tumbo, kwa kawaida upande wa kushoto, choo kikawa kinatokea hapo. Kukata, kufunga, kutoa nje. Ukiambiwa umefanyiwa Hartmann, umefanyiwa hayo matatu kwa pamoja, na kolostomi ni hilo la tatu peke yake. Watu wengi, hata wahudumu wengine, wanazichanganya. Mtu anaweza kuwa na kolostomi bila kufanyiwa Hartmann, kwa mfano pale pindo la utumbo linapotolewa nje na kufunguliwa bila kukatwa chochote.

Kwa nini wasiziunganishe zile ncha mbili papo hapo? Swali hili lilinikera miezi. Jibu nililopata ni kwamba wakati mwingine huunganishwa, hali ya mgonjwa ikiruhusu. Lakini usiku ule utumbo umevimba, umejaa kinyesi, presha imeshuka, labda na usaha upo. Mshono wa utumbo ukivuja ndani ya tumbo, unaua. Hartmann ni njia ya daktari kusema, leo tuokoe roho, mengine baadaye. Ndiyo maana jina hilo hulikuti sana kwenye operesheni zilizopangwa. Hulikuta kwenye za dharura: utumbo uliosokotwa ukaoza, uliotoboka, ulioziba kwa uvimbe, au aliyechomwa kisu.

Sasa lile ambalo hakuna aliyeniambia. Puru bado ipo. Imefungwa juu, lakini iko hai, na ngozi yake ya ndani inaendelea kutoa ute. Nilikuwa nimeshazoea mfuko, nimeshajifunza kulala bila kuogopa, ndipo siku moja nikabanwa na haja kwa njia ya zamani. Nikaenda chooni natetemeka. Kikatoka ute mweupe mzito. Wallahi niliandika wosia kichwani palepale: nani achukue ng'ombe, nani alipiwe karo.

Kliniki nikamkuta sista mmoja mtu mzima, Mtaita. Nikamweleza kwa aibu, naangalia chini. Akanicheka, kicheko kizuri. "Mwanangu, hicho kipande hakijafa. Kinatoa ute wake. Kaa chooni, utoe, unawe, uendelee na maisha." Kisha akanifundisha kuzisoma ncha za maneno yao. Kikiishia na -tomi, wamefungua. Laparotomi ni kufungua tumbo. Kikiishia na -ektomi, wamekata wakatoa. Kolektomi, wameondoa utumbo mpana au sehemu yake. Kikiishia na -stomi, wametoboa mlango. Kolostomi ni mlango wa utumbo mpana, ileostomi ni wa utumbo mwembamba, choo chake ni majimaji na mara nyingi hukaa kulia. "Ila majina ya watu," akasema, "hayo hayana ncha. Hayo lazima uulize."

Hapo ndipo ninapotaka mnisikilize. Jina la mtu halikwambii kitu. Hartmann, Whipple, Billroth, zote ni operesheni zilizopewa majina ya madaktari, na hata ukijua Kiingereza chote cha duniani hutajua kimekatwa nini. Kwa hiyo uliza. Uliza kwa Kiswahili, na ukijibiwa kwa Kiingereza uliza tena kwa Kiswahili. Kimekatwa nini? Kimefungwa nini? Kilichotolewa nje ni nini? Kinaweza kurudishwa? Maswali manne tu. Daktari akiwa na haraka, muulize sista. Sista akiwa na haraka, ngoja wa zamu ya usiku. Usione haya. Mimi nilionewa haya na kila mtu nikajionea haya na mwenyewe, na haikunisaidia chochote.

Swali la nne ndilo zito kwetu sisi tunaotafuta riziki kwa miili yetu. Kuna operesheni ya pili inayozirudisha zile ncha pamoja, nao huiita kurudisha Hartmann. Kwa kawaida husubiriwa miezi, mara nyingi mitatu hadi sita au zaidi, tumbo lipoe na makovu ya ndani yalainike. Kabla yake kipande kilichobaki huchunguzwa, kwa kamera au kwa picha ya dawa, wajue hakina tatizo. Si operesheni ndogo. Wapo wasiorudishwa kabisa, kwa umri, kwa moyo, kwa saratani, na kwa pesa, tuseme ukweli. Na wapo, hawa ndio wananiumiza, wanaokaa na mfuko miaka kwa sababu hawakuambiwa kwamba swali hilo lipo.

Nilikaribia kuwa mmoja wao. Niliambiwa nirudi baada ya miezi kadhaa, nikarudi, faili haionekani. Mara daktari yuko likizo, mara mashine mbovu. Wakati huo tajiri wangu alikuwa ameshampa mtu mwingine gari langu. Sikuambiwa na yeye. Niliambiwa na taniboi, kwa simu, na nilisikia injini ile ile ikinguruma nyuma yake. Nilimwendeshea tajiri yule mizigo miaka na sikuwahi kuangusha hata godoro. Nimesamehe. Nimesema nimesamehe.

Kilichoniokoa ni kwamba nilikuwa na karatasi yangu na nilijua inasema nini. Nilipokwenda hospitali nyingine sikusema "nina mfuko tumboni". Nilisema nilifanyiwa Hartmann kwa sababu ya volvulasi ya sigmoidi, ncha ya chini imefungwa, nataka kujua kama naweza kurudishwa. Daktari akaliweka chini kalamu, akanitazama upya. Nikarudishwa. Leo navuka Malaba na gari la mtu mwingine mwenye adabu kuliko yule wa kwanza, na ukiniona nikishuka kwenye kebini huwezi kujua chochote.

Kwa hiyo wewe unayesoma, acha kuwa mgonjwa wa kuitikia tu. Karatasi ya kutoka hospitalini ni mali yako sawa na leseni. Ipige picha, uitume kwa mtu unayemwamini, uiweke pamoja na kitambulisho. Na uulize. Narudia, uulize.

Sasa dada wa Mombasa. Dukani omba mfuko wa kolostomi, usilitaje jina la Hartmann kabisa. Nenda na mfuko mmoja mtupu wa aina anayotumia mzee, maana kuna wa kipande kimoja na kuna wa vipande viwili, na kibandiko cha huu hakiingiliani na cha ule. Kabla hujaenda pima upana wa ule mlango tumboni. Wiki sita hadi nane za mwanzo unaendelea kunywea, kwa hiyo kipimo cha hospitali huenda kimeshapitwa. Tundu la kibandiko likatwe lizidi milimita mbili au tatu tu, likiwa kubwa choo kitamuunguza ngozi. Mlango wenyewe uwe mwekundu na unyevu. Ukibadilika ukawa mweusi, msingoje asubuhi.

Na mzee akifunga choo, jirani mwenye huruma asije na bomba la kumwosha tumbo kwa njia ya nyuma. Njia ile haifiki tena kwenye choo, na kule juu pana mshono. Siku ya kliniki muulize daktari lile swali la nne. Akikujibu kwamba inawezekana, niandikie, nikueleze habari ya kusubiri upepo wa kwanza baada ya operesheni ya pili, jinsi wadi nzima inavyokuwa ikikuulizia.