Jibu: Ramprasad kumgombeza Kali

Ndugu yangu, umeuliza kama si utovu wa adabu mshairi Ramprasad Sen kumlalamikia Kali, mungu wa kike wa Wahindu, ndani ya nyimbo za ibada. Hapana. Yeye anamwita Ma, yaani mama, na mtoto akinyimwa hudeka, hununa, hata humsuta mama yake. Hapo ndipo utamu ulipo. Inasimuliwa kuwa huyu mshairi wa Bengal (mashariki mwa Bara Hindi) wa karne ya 18 alikuwa karani Kolkata, akawa anajaza nyimbo kwenye daftari la hesabu. Tajiri wake alipozisoma, badala ya kumfukuza, akamrudisha kwao na posho ya kila mwezi. (Bosi wa hivyo mimi sijampata!) Ukimaliza nyimbo zake, msikilize mshairi mwingine wa Bengal, Kazi Nazrul Islam: Mwislamu, lakini alimtungia Kali nyimbo zinazoimbwa mpaka leo.