Fatma-Zahra Ni Jina Moja: Kwa Mama Anayetaka Kumpa Binti Yake Jina Hili

Wiki iliyopita nilipokea ujumbe wa mama kijana wa Tanga anayetarajia kujifungua. Alinisalimu kwa adabu, kisha akanieleza kwamba yeye na mumewe wamekubaliana kumwita mtoto wao Fatma-Zahra iwapo atakuwa wa kike, lakini mama mkwe wake anataka Fatma peke yake, wifi yake anadai kwamba Zahra ni jina la Mashia, na mumewe mwenyewe hajui kama jina hilo liandikwe kwa kistari, kwa nafasi au kwa neno moja. Ameniuliza mimi kwa sababu anajua kwamba binti yangu wa kwanza anaitwa jina hilo hilo. Nimeona nimjibu hapa, mbele ya wote, kwa kuwa wanaoniuliza jambo hili ni wengi, na kwa kuwa nina mambo kuhusu jina hili ambayo nimeyabeba moyoni kwa muda mrefu.

Nianze na asili. Fatma, Fatuma na Fatima ni jina moja lililotamkwa na ndimi tofauti, na mzizi wake katika Kiarabu una maana ya kukata au kuachisha ziwa, hivyo kwamba faatima ni mwanamke anayemwachisha mtoto wake ziwa. Baadhi ya kina mama wakisikia maana hiyo huvunjika moyo, kwa sababu walitarajia kusikia habari za malkia au za lulu. Mimi naliona jina hili kuwa ni dua kubwa. Mtoto anayefikia kuachishwa ziwa ni mtoto aliyevuka hatari za uchanga, na mzazi anayemwita binti yake Fatma anamwombea avuke, akue, naye siku moja awe na mtoto wa kumnyonyesha na kumwachisha.

Jina hili lilikuwepo miongoni mwa Makureshi, kabila la Mtume Muhammad, kabla ya binti yake kuzaliwa. Mama yake Ali bin Abi Talib aliitwa Fatma binti Asad, na dada yake Umar bin Khattab aliitwa Fatma binti Khattab. Katika Sahihi Muslim, kimojawapo cha vitabu vikuu vya hadithi, imepokewa kwamba Mtume alimpa Ali kitambaa cha hariri akamwambia akigawe vipande vya shungi kwa kina Fatma, naye kwa kauli hiyo alikusudia zaidi ya mwanamke mmoja katika jamaa zake. Hapo ndipo tunapoona kazi ya neno la pili. Ukisema Fatma, bado msikilizaji anaweza kuuliza ni Fatma yupi, lakini ukisema Fatma Zahra hakuna anayeuliza tena, kwa maana huyo ni mmoja tu: binti wa Mtume na Bibi Khadija, mke wa Ali, mama wa Hasan, Husein, Zainabu na Umu Kulthumu, aliyefariki Madina mwaka 632, miezi michache tu baada ya baba yake.

Zahra basi ni lakabu, yaani jina la sifa. Linatokana na mzizi wenye maana ya kung'aa, kuwa na weupe wa nuru, na pia kuchanua kwa ua. Umbo lake la kiume ni azhar, na hilo ndilo jina la msikiti wa Al-Azhar mjini Kairo, ambao ujenzi wake ulianza mwaka 970 chini ya watawala wa Kifatimiya, watu waliojinasibisha na Bibi Fatma mwenyewe, na ndiyo maana wanahistoria wengi huhusisha jina la msikiti huo na lakabu yake. Waliosoma madrasa watakumbuka vilevile kwamba sura za Al-Baqara na Aali Imran huitwa kwa pamoja Zahrawain, yaani zing'aazo mbili. Zuhura, jina la bibi zetu wengi na la ile nyota ya alfajiri, linatoka katika mzizi huo huo, ingawa ni jina jingine.

Hapa lazima niseme jambo lililoniumiza. Binti yangu ni mweusi, tena mweusi wa kupendeza, na siku ya akika yake, ile karamu ya kumshukuru Mungu kwa kuzaliwa kwake, jirani mmoja alimwangalia akasema kwamba jina la Zahra linawafaa watoto weupe. Alisema mbele ya wageni, na watu wakanyamaza. Sikumjibu siku ile, lakini namjibu leo, yeye na wote wenye fikra kama yake. Wanavyuoni walioeleza lakabu ya Bibi Fatma wanazungumzia nuru ya uso wake, na wengine wanaihusisha na nuru iliyokuwa ikimwangaza anaposimama katika sala. Nuru ya ibada haina rangi ya ngozi. Mama unayenisoma, usikubali mtu yeyote apime jina la mwanao kwa rangi yake, na usikubali wewe mwenyewe kulipima hivyo kimoyomoyo, kwa sababu mtoto huisikia hukumu ya mama yake hata kabla haijatamkwa.

Ukitaka kujua Fatma huyu alikuwa nani, usiishie kwenye nuru. Bukhari na Muslim wamepokea kwamba mikono yake ilichubuka kwa kusaga nafaka kwa jiwe, akaenda kwa baba yake kuomba mtumishi, na Mtume akaja kwao usiku akawafundisha yeye na Ali kwamba wanapokwenda kulala waseme Subhanallah mara 33, Alhamdulillah mara 33 na Allahu Akbar mara 34, akawaambia kwamba hayo ni bora kwao kuliko mtumishi. Nilimfundisha binti yangu tasbihi hiyo kabla hajajua kusoma, na hadi leo halali bila kuileta. Ninaposikia mzazi akisema kwamba amechagua jina hili kwa sababu linasikika vizuri, huwa namsihi amsimulie mtoto habari ya lile jiwe la kusagia, ili ajue kwamba amepewa jina la mwanamke aliyefanya kazi kwa mikono yake.

Sasa niingie katika dai la wifi. Ni kweli kwamba ndugu zetu Mashia wanamtukuza sana Bibi Fatma na kwamba Zahra ni jina lililoenea mno nchini Irani. Si kweli hata kidogo kwamba ni lao peke yao. Nenda Moroko na Aljeria, nchi ambazo Waislamu wake wengi ni Masuni wa madhehebu ya Maliki, utawakuta kina Fatima-Zahra na Fatima-Zohra katika kila mtaa. Mwandishi mkubwa wa Aljeria aliyejulikana kwa jina la kalamu la Assia Djebar, aliyezaliwa mwaka 1936 na kuchaguliwa mwaka 2005 kuingia katika Chuo cha Taaluma ya Lugha cha Ufaransa (Académie française), alipewa na wazazi wake jina la Fatima-Zohra. Na kwa nini twende mbali? Hapa pwani, kuanzia Lamu hadi Kilwa, Masuni wa Kishafi wamekuwa wakiwaita mabinti zao kwa lakabu za Bibi Fatma vizazi na vizazi, wengine bila hata kujua. Batuli ni lakabu yake, yaani aliyejitenga na mambo ya dunia kwa ajili ya ibada, na Bibi Mariamu pia husifiwa kwa neno hilo. Twahira ni lakabu yake, na Zakia, na Radhia, na Mardhia. Wifi mtu anayemwita jirani yake Bi Batuli kila asubuhi bila wasiwasi hana sababu ya kuogopa Zahra.

Na Fatima peke yake limevuka hata mipaka ya dini. Katika Ureno kuna mji uitwao Fátima, jina lenye asili ya Kiarabu, ambako Wakatoliki wanaamini kwamba Bikira Maria aliwatokea watoto watatu wachungaji mwaka 1917, na kwa sababu hiyo wapo mabinti wa Kikatoliki hapa Tanzania walioitwa Fatima kwa heshima ya Mama wa Yesu. Nalitaja hilo kwa furaha, na pia kwa kuwa linatilia nguvu neno langu: lile la kwanza likisimama peke yake linaelekea njia nyingi, na la pili ndilo linalokuonyesha njia moja.

Kwa hiyo, mdogo wangu, ushauri wangu wa kwanza na wa mwisho ni kwamba hili ni jina moja, usiruhusu mtu alipasue. Kiarabu chenyewe kinayaunganisha maneno haya, Fatimatu-z-Zahra, na ndiyo maana katika nchi nyingine utaona limeandikwa kwa neno moja refu. Sisi tuliliandika kwa kistari. Baba yake mtoto alilijaza katika tangazo la kizazi, ile karatasi ya kuzaliwa inayotangulia cheti, kwa mkono wake mwenyewe, kwa herufi kubwa, kistari kikionekana vizuri, kisha likafuata jina lake na jina la baba yake. Cheti kilipotoka, karani wa ofisi iliyohusika alikuwa ameandika Fatma katika nafasi ya jina la kwanza, Zahra katika nafasi ya jina la kati, na jina la mume wangu katika nafasi ya ukoo, na jina la babu halikuwepo kabisa. Kila Mtanzania anajua kwamba kwa desturi yetu jina la kati ni la baba. Kwa mujibu wa karatasi ile, mwanangu alikuwa Fatma binti Zahra.

Wapo watakaoona hilo ni dogo. Nilipompeleka kuanza darasa la kwanza, mwalimu aliyekuwa akiandikisha alikisoma cheti, akanitazama, akaniuliza mbele ya wazazi wenzangu kama mtoto huyu hana baba hata anabeba jina la mwanamke. Watu wa pwani wanajua swali hilo lina maana gani. Mume wangu alikuwa amesimama nyuma yangu. Alijibu kwa upole kwamba baba ni yeye, lakini niliuona uso wake, na sijausahau.

Nitaiacha simulizi ya foleni, kwa sababu kila mmoja wenu ana ya kwake. Itoshe kusema kwamba tulipeleka hati ya kiapo, kadi ya kliniki na nakala ya lile tangazo la kizazi, na kwamba lililotuokoa ni nakala hiyo, kwa kuwa kistari cha mume wangu kilionekana wazi na hakuna aliyeweza kukikana. Cheti kilirekebishwa kabla mtoto hajafika darasa la saba. Mwaka huu amepokea cheti chake cha kidato cha nne, na juu yake limeandikwa jina lake kamili, kisha la baba yake, kisha la babu yake, kila moja mahali pake. Nililisoma kwa sauti sebuleni, na sioni haya kusema kwamba nililia.

Wazazi wenzangu, karatasi ya kwanza ndiyo mama wa karatasi zote. Amueni namna ya kuliandika kabla uchungu haujaanza, liandikeni kwenye kipande cha karatasi kwa herufi kubwa, na baba akae nacho mfukoni, kwa maana siku ile si siku ya kumtamkia muuguzi tahajia. Pigeni nakala ya tangazo la kizazi kabla hamjalikabidhi. Someni cheti mkiwa bado mbele ya dirisha, msikisome nyumbani. Kama mnahofia kwamba kistari kitapotezwa na makarani, liandikeni kwa neno moja, Fatmazahra, na hapo hakuna atakayepata pa kulikata; babu zetu walifanya vivyo hivyo walipounganisha Mwana na Aisha tukapata Mwanaisha. Ninalolipinga ni kuliandika kwa nafasi tupu katikati, kwa sababu nafasi hiyo ndiyo mlango wa matatizo yote niliyoyaeleza. Na mtoto atakapopata hati ya kusafiria msishtuke mkiona kwamba katika ile mistari ya chini inayosomwa na mashine kistari kimegeuzwa alama nyingine, au kwamba tiketi ya ndege imeyaunganisha maneno mawili. Huo ndio utaratibu wa kimataifa, na jina lake katika ukurasa linabaki vile vile.

Mmoja wenu ameniuliza kama anaweza kumwita binti yake Fatma-Humaira. Humaira ni lakabu ya Bibi Aisha. Hakuna dhambi, lakini mimi nisingefanya hivyo, kwa sababu unalivunja kusudi la jina la namna hii. Kubra linakwenda na Khadija, Sidika linakwenda na Aisha, Zahra na Batuli yanakwenda na Fatma. Siku hizi naona majina mawili yanafungwa pamoja kwa sababu tu ya mlio wake, na mtoto akiuliza maana yake mama hana la kumwambia. Mtoto wa kike ataulizwa habari ya jina lake maisha yake yote, shuleni, kazini na ukweni, na ni haki yake kuwa na jibu.

Kuhusu mama mkwe wako, usigombane naye. Fatma limo ndani ya Fatma-Zahra, na akitaka kumwita mjukuu wake Fatma, Fatuma au Fatu, amwite kwa raha zake. Mama mkwe wangu alimwita Fatu hadi alipofariki, na binti yangu aliitika. Wewe shughulika na lile litakaloandikwa, na umwambie mumeo asiliachie kalamu ya mtu mwingine.