Jina la Kizungu Wasilolitumia Wazungu

Mheshimiwa Mhariri,

Katika toleo la wiki iliyopita mliwauliza wasomaji: "Jina lako la kigeni lina maana gani, na lilifikaje kwenu?" Mimi naitwa Wycliffe, na kwa muda mrefu sikuwahi kuulizwa maana ya jina hili na mtu yeyote, kwa sababu hapa kwetu Vihiga, magharibi mwa Kenya, limezoeleka mno. Nilipokuwa shule ya msingi, mwalimu alipoliita tuliinuka wavulana watatu, ikabidi kila mmoja wetu aitwe pamoja na jina la baba yake. Aliyeniuliza kwa mara ya kwanza alikuwa Mwingereza, mgeni aliyefika katika ofisi niliyokuwa nikifanya kazi mjini Kisumu. Alisoma kibao kilichokuwa mezani pangu akatamka "Wiklif", nami sikuitika, maana sikujua kwamba anayeitwa ni mimi. Sisi husema "Waiklifu". Tulipokwisha kuelewana, aliniambia kwamba katika maisha yake yote huko kwao hakuwahi kukutana na mtu ambaye hilo ndilo jina lake la kwanza. Yeye alilijua kuwa jina la ukoo la mtu aliyesomeshwa habari zake katika somo la historia, basi.

Jambo hilo lilinishangaza, na kusema kweli liliniudhi kidogo. Nilikuwa nimeishi miaka yote nikidhani kwamba nimeazimwa jina la Kiingereza, kumbe Waingereza wenyewe hawalitumii. Tangu hapo nimekuwa nikilitafuta asili yake kila nipatapo nafasi, na haya ndiyo niliyoyapata.

Kabla ya kuwa jina la mtu lilikuwa jina la mahali. Kaskazini mwa Uingereza, kwenye ukingo wa kusini wa mto Tees, si mbali na mji wa Barnard Castle, kuna kijiji kidogo kiitwacho Wycliffe, ambacho tangu zamani kilihesabiwa kuwa cha Yorkshire na mwaka 1974 kikahamishiwa Durham mipaka ya utawala ilipobadilishwa. Katika daftari kuu la ardhi lililoandikwa mwaka 1086 kwa amri ya mfalme William, kijiji hicho kimeandikwa Witcliue. Nusu ya pili ya jina haina ubishi: ni neno la Kiingereza cha kale, clif, yaani genge, ule ukuta wa mwamba unaoshuka wima (wala si genge la wahuni, wala ule muziki wa vijana wa Nairobi). Nusu ya kwanza ndiyo yenye mvutano. Wapo wanaosema kwamba imetokana na hwit, yaani rangi nyeupe, na wapo wanaoitoa katika wiht, neno lenye maana ya kona ya mto. Kwa hiyo mimi ni Genge Jeupe au ni Genge la Penye Kona ya Mto. Naelemea upande wa kona, kwa sababu mtu wa kijijini huita mahali kwa kile kinachomsaidia kumwelekeza mgeni, na kona ya mto huelekeza vizuri kuliko rangi ya jiwe. Lakini hiyo ni hoja ya mtu aliyekulia kati ya majabali ya Maragoli, si hoja ya mtaalamu wa lugha. Jina hili lina ndugu zake pia: Radcliffe ni genge jekundu, Clifton ni kijiji cha gengeni, na Clifford, ambalo kwetu nalo limejaa, ni kivuko kilicho karibu na genge.

Ukoo uliomiliki ardhi ya kijiji hicho ulijiita kwa jina la kijiji, kama ilivyokuwa desturi ya wenye ardhi wa zama hizo, na inaaminika kwamba ni katika ukoo huo alikotoka John Wycliffe. Aliishi katika karne ya 14, akasoma Oxford na kufundisha huko, akawa mkuu wa chuo cha Balliol kwa muda mfupi mnamo mwaka 1360, na mwaka 1374 akapewa parokia ya Lutterworth, ambayo aliishika hadi alipofariki. Alikuwa mtu wa kalamu na wa mabishano. Alifundisha kwamba Maandiko yana mamlaka kuliko papa, kwamba kanisa halipaswi kurundika mali, na hatimaye kwamba mkate wa meza ya Bwana haubadiliki asili yake kama kanisa lilivyofundisha, na hili la mwisho ndilo lililowafukuza hata wakubwa waliokuwa wakimkinga. Papa Gregory wa 11 alimlaani kwa barua mwaka 1377. Mwezi Mei mwaka 1382 maaskofu walikutana London kuyahukumu mafundisho yake, na wakiwa katikati ya kikao ardhi ikatetemeka. Kila upande ukadai kwamba Mungu amesema upande wake.

Lakini kilicholifikisha jina lake Vihiga ni Biblia. Wakati huo Biblia nchini Uingereza ilisomwa kwa Kilatini, lugha ambayo mkulima, mhunzi na hata baadhi ya makasisi hawakuielewa sawasawa. Wycliffe alishikilia kwamba Mwingereza anapaswa kuyasikia Maandiko katika lugha aliyonyonya kwa mama yake, na kuanzia miaka ya 1380 tafsiri ya Biblia nzima kwa Kiingereza ikaanza kusambaa. Wengi wetu husema kwamba aliitafsiri mwenyewe kuanzia Mwanzo hadi Ufunuo. Wataalamu hawakubali: kazi kubwa ilifanywa na wenzake, akiwamo Nicholas wa Hereford, naye akiwa kiini na msukumo wa kazi hiyo. Ikumbukwe kwamba mashine ya kupiga chapa ilikuwa haijafika. Kila nakala iliandikwa kwa mkono, neno baada ya neno, kwenye ngozi iliyotengenezwa kwa ajili ya kuandikia. Hata hivyo zimesalia nakala karibu 250 mpaka leo, baadhi nzima na nyingine vipande, jambo linaloonyesha jinsi zilivyotafutwa, kwani tangu mwaka 1409 amri ya Askofu Mkuu Thomas Arundel ilipiga marufuku kutafsiri Maandiko kwa Kiingereza au kuzisoma tafsiri hizo bila kibali.

Wycliffe mwenyewe hakuchomwa moto, ingawa nimesikia wahubiri kadhaa wakisema hivyo. Wanamchanganya na Jan Hus wa Bohemia, aliyesoma maandishi yake na akachomwa akiwa hai mwaka 1415. Wycliffe alipooza akiwa kanisani Lutterworth na akafa siku tatu baadaye, tarehe 31 Desemba 1384, kitandani mwake. Ni mtaguso wa Constance, yaani mkutano mkuu wa kanisa, ule ule uliomhukumu Hus, uliotoa hukumu kwamba mifupa ya Wycliffe itolewe katika ardhi takatifu. Hukumu ilikaa miaka kadhaa bila kutekelezwa. Mwaka 1428, miaka 44 baada ya kifo chake, kaburi likafukuliwa, mifupa ikachomwa, na majivu yakamwagwa katika mto Swift unaopita hapo Lutterworth. Kwetu, ambako kaburi la mzee liko uani na mtoto hukaripiwa akilikanyaga, nimelisimulia jambo hili mara kadhaa mbele ya wazee, na kila mara hapakuwa na aliyepata la kusema kwa muda. Kufukua mtu si jambo la mzaha. Mwandishi Thomas Fuller wa karne ya 17 alisema kwamba Swift uliyapeleka majivu hayo katika Avon, Avon ukayapeleka katika Severn, Severn ukayatoa baharini, na kwa njia hiyo mafundisho yake yakaenea duniani.

Kama ni majivu au si majivu, jina lilienea. Ila lilienea kwa namna ya ajabu. Huko Uingereza waliendelea kulitumia kwa majengo na vyuo, kama kile chuo cha makasisi cha Wycliffe Hall kilichoanzishwa Oxford mwaka 1877, na Marekani shirika la watafsiri wa Biblia lililoundwa mwaka 1942 lilichukua jina lake. Lakini kumpa mtoto jina hilo, akaitwa Wycliffe asubuhi apelekwe kisimani, hilo wao hawakulizoea. Sisi tulilizoea. Uganda alikuwako Wycliffe Kiyingi, mwandishi mashuhuri wa tamthilia za Kiganda, aliyezaliwa mwaka 1929, kwa hiyo jina lilikuwa limekwisha kufika upande huu wa ziwa mapema. Kenya tunaye mwanasiasa Wycliffe Musalia Mudavadi, mzaliwa wa Vihiga hii hii, na Wycliffe Oparanya, gavana wa kwanza wa Kakamega. Huko Haiti mwanamuziki Wyclef Jean ni mtoto wa mhubiri, na jina lake ni hili hili, limebadilishwa tu tahajia.

Kwa nini sisi? Wamisionari wa kwanza wa Marafiki, yaani kanisa letu la Quaker, walifika Kaimosi mwaka 1902, na hawakuwa Waingereza bali Wamarekani. Marafiki hatubatizi kwa maji, kwa hiyo hatuwezi kusema kwamba ni jina la ubatizo. Ni jina ambalo mzazi alilichagua mwenyewe, pengine siku ya kumwandikisha mtoto shuleni. Hao Marafiki, kama walivyofanya Waanglikana kule Maseno, walianza kwa kujifunza lugha ya wenyeji na kuiandika. Emory Rees, akisaidiwa na Joel Litu, alitafsiri Maandiko kwa Kilogooli, lugha ya Wamaragoli, na Biblia nzima ikatoka mwaka 1951. Jaribuni kufikiri, Mhariri, jinsi mtu alivyojisikia aliposomewa kwa mara ya kwanza habari za Ibrahimu kwa maneno yale yale anayoyatumia kumwitia ng'ombe. Mtu kama huyo akiambiwa kwamba zamani sana, huko Ulaya, palikuwa na mtu aliyefukuliwa kaburini kwa sababu alitaka wakulima wa kwao wapate kitu hicho hicho, sioni ajabu akimpa mwanawe jina lake. Ndiyo maana orodha za shule zetu zilijaa akina Luther, Calvin, Wesley na Wycliffe, ambayo yote kwa asili ni majina ya koo. Tuliyageuza majina ya vizazi vyao yakawa majina ya watoto wetu.

Nilijiona nimeyajua yote, nikaenda kumsimulia baba, mwaka mmoja kabla hajafariki. Alikuwa ameketi kibarazani akipukuchua mahindi ndani ya ungo. Alinisikiliza mpaka mwisho, akapuliza makapi, akasema:

"Huyo wa Oxford simjui, mwanangu. Mimi nilikupa jina la mwalimu wangu."

Ndipo aliponieleza. Akiwa darasa la 3 alianguka kutoka juu ya mpera akavunjika mkono, na mwalimu wake, ambaye aliitwa Wycliffe, alimpakia kwenye baiskeli yake ya Raleigh, akamfunga kwa shati lake mwenyewe ili asianguke tena, akamsukuma hadi hospitali ya misheni, kwa sababu njia ilikuwa ya mlima na baiskeli yenye watu wawili isingepanda. Baba aliapa njiani, huku akilia, kwamba atakapopata mtoto wa kiume atamwita mwalimu. Nilipomuuliza mwalimu naye aliitwa hivyo kwa nini, alinijibu kwamba baba wa mwalimu alikuwa mzee wa kanisa aliyewafundisha majirani kusoma Biblia jioni kwa taa ya koroboi. Hapo nikaona kwamba yule wa Oxford alikuwako kweli, ila alisimama nyuma ya mlango.

Limebaki jambo la tahajia, nalo limenigharimu. Cheti changu cha kuzaliwa kinasema Wycliff, cheti cha shule ya msingi kinasema Wyclife, kitambulisho kinasema Wickliffe. Nilipostaafu mapema na kwenda kudai haki yangu katika ofisi moja ambayo sitaitaja, niliambiwa kwamba hao ni watu watatu na kwamba hakuna hata mmoja wao anayeweza kulipwa. Nikaenda kwa wakili aniandikie hati ya kiapo kwamba majina yote hayo ni ya mtu mmoja. Wakili, kijana mpole, aliniuliza tahajia iliyo sahihi ni ipi, nami, kwa kiburi cha mtu aliyesoma sana, nikamweleza kwamba mwenye jina mwenyewe aliandikwa Wyclif, Wiclif, Wickliffe na kwa namna nyingine nyingi wakati wa uhai wake na baada yake, na kwamba hata leo wanahistoria hawajapatana. Alivua miwani akanitazama.

"Lakini yeye, mzee, hadai pensheni."

Nilichagua Wycliffe, yenye herufi mbili za f na e mwishoni. Ndivyo mwalimu alivyotia saini katika daftari la hesabu la baba, ambalo tunalo bado, limeliwa na mchwa pembeni, lakini saini inasomeka.

Msomaji wenu,
Wycliffe, Vihiga