Kwa nini kamera haisogei kwenye vichekesho vya Vitaphone, na pa kuanzia

Mkuu, umeuliza kwa nini kwenye zile filamu fupi za zamani za Marekani, zenye utani na nyimbo, kamera imeganda palepale, na ipi umwonyeshe mtu asiyezizoea. Nafundisha vijana uigizaji na huwa naanza na hizohizo.

Kamera ilifungiwa. Kampuni ya filamu ya Warner Bros. ilipoanza na Vitaphone, mfumo wake wa kuzipa filamu sauti, mwaka 1926, sauti ilirekodiwa kwenye santuri ya inchi 16 wakati uleule picha inapigwa. Kamera zilikuwa na kelele, kwa hiyo ziliwekwa kwenye kibanda kisichopitisha sauti, na mpiga picha humohumo ndani. Santuri nayo haikatwi ikaungwa. Upande mmoja ulibeba dakika kama 11, na ukiharibu katikati mnaanza upya.

Utamu wake uko hapo. Wasanii hao walitoka kwenye majukwaa ya vaudeville, ambako usiku mmoja unapata utani, wimbo, dansi na sarakasi. (Waliohudhuria maonyesho ya vikundi vya sanaa vya Muungano na TOT (Tanzania One Theatre) pale Dar wanaujua mchanganyiko huo.) Igizo walishalicheza mbele ya watu mpaka likakolea, na unaliona zima, halijachezewa na mhariri.

Anza na Lambchops ya 1929, ya George Burns na Gracie Allen. Ni dakika nane hivi. Gracie anaingia sebuleni anapekuapekua. George anamuuliza anatafuta nini, naye anajibu kwamba anatafuta watazamaji. George anamwelekeza kwenye kamera, wanaendelea na utani wao, kisha wanaimba na kucheza. Vijana wote humkodolea macho Gracie kwa sababu vichekesho vyote vinatoka kinywani mwake. Mimi huwarudishia mwanzo wamwangalie George tu: anavyouliza, anavyonyamaza, anavyorudia jibu la Gracie kana kwamba analipima. Bila ukimya ule hakuna anayecheka. Somo hilo nimeshindwa kulieleza kwa maneno, filamu hii inalieleza.

Ukikuta nyingine haina sauti, usidhani ni bubu tangu mwanzo. Mara nyingi santuri yake ilipotea. Kuna watu wa Vitaphone Project wanazisaka tangu 1991 na kuzirudisha kwenye picha zake.

Baada ya hapo tazama Rufus Jones for President ya 1933. Ethel Waters anaimba, na Sammy Davis Jr., mtoto wa miaka saba, anacheza dansi ya kushangaza. Ila ina dhihaka nzito dhidi ya watu weusi, waambie vijana kabla hujaiwasha.