Kabla hujanunua kamera nyingine, lijue jua

Vijana wanaoniandikia kuhusu upigaji picha wa filamu huanza na swali moja: ninunue kamera gani? Mimi huwauliza kama wamewahi kuitazama kazi ya Hong Kyung-pyo wakiwa wamezima sauti.

Ni mpiga picha wa Korea Kusini. Mwaka 2004 alipiga filamu ya vita ya Taegukgi, kisha akafanya kazi na mwongozaji Bong Joon-ho katika Mother (2009), Snowpiercer (2013) na Parasite (2019). Hapo katikati alipiga pia The Wailing na Burning, za waongozaji wengine. Parasite ilizoa Oscar 4 mwaka 2020, ila upigaji picha wake haukuteuliwa hata kuwania. Hilo bado linanikera.

Ile nyumba ya matajiri katika Parasite ilijengwa kwa ajili ya filamu. Kabla ya ujenzi, watengenezaji wa filamu walichunguza kwanza jua linapita wapi pale kiwanjani, ndipo wakaamua nyumba ielekee wapi. Sebule ya matajiri hao inaoga mwanga kupitia kioo kipana. Familia maskini nayo inaishi nusu ardhini, na jua linachungulia tu kwenye kidirisha kilicho karibu na dari. Huhitaji mazungumzo kujua nani ana nini.

Tangu niligundue hilo, nikipewa eneo la kupigia picha naenda kwanza mikono mitupu. Naenda asubuhi, narudi adhuhuri, narudi tena alasiri, nikiandika jua linaingia chumba gani na linatoka saa ngapi. Siku hizi zipo programu za simu zinazochora njia ya jua, zitumie, lakini haziwezi kukuonyesha mwembe wa jirani unaoziba dirisha.

Katika Burning (2018) kuna msichana anayecheza dansi uani machweo, kamera ikimfuata bila kukatwa huku mwanga ukizidi kufifia. Ukitaka kujaribu kitu kama hicho Dar au Mombasa, jihadhari: karibu na ikweta jua hushuka karibu wima, na giza hutuwahi kuliko linavyowawahi Wakorea. Waigizaji wawe wamefanya mazoezi mahali palepale, fokasi (umbali ambapo picha inatoka kali) iwe imepimwa, betri ziwe zimejaa kabla ya saa kumi na mbili jioni. Mkichelewa, usiwashe taa ukijifanya ni machweo. Fungasheni, mrudi kesho.