Kichwa Kilicholala Upande: Kwa Mnaoanza Kazi Kliniki ya Watoto

Mama akikuambia, "Sista, kichwa cha mtoto hakijakaa sawa," usimjibu ukiwa umesimama mbele yake. Zunguka nyuma. Mtoto akae wima mapajani, mama amshike mabega, nawe uuangalie utosi kutoka juu kama mtu anayechungulia kisima. Ukitazama kutoka mbele utamwona mtoto mzuri anayecheka, basi. Ubapa wa kichwa huonekana kutoka juu, na ninyi mnaoripoti kliniki ya mama na mtoto hapa Kisumu ningependa mlijue hilo hata kabla ya kuzoea rejista.

Lowesha nywele kidogo zilale, maana nywele nyingi huficha mbonyeo. Weka ncha ya kidole cha shahada kwenye kila sikio na ulinganishe. Vidole vikiwa mstari mmoja, mbonyeo umeishia kisogoni. Kimoja kikiwa kimetangulia mbele, fuvu limeanza kusukuma sikio. Angalia paji la uso upande huohuo: limetokeza? Angalia shavu na jicho: uso umepinda? Mwisho tazama kutoka ubavuni kama fuvu limepanda juu au limefura juu ya sikio. Huo ndio mpangilio wa daraja tano alioueleza daktari wa upasuaji wa Marekani, Louis Argenta, pamoja na wenzake mwaka 2004. Naupenda kwa sababu hauhitaji chombo chochote, na hata siku yenye foleni hadi langoni unamaliza kwa dakika mbili.

Mkiwa na kalipa, kile chombo cha mikono miwili cha kupimia upana, pimeni mishazari miwili. Wa kwanza unaanzia paji la uso la kulia, kama nyuzi 30 kutoka mstari wa pua, hadi kisogo cha kushoto. Wa pili ni kinyume chake. Tuseme mmoja ni milimita 138 na mwingine 128. Tofauti ni 10. Igawe kwa ule mrefu, zidisha kwa 100, upate 7.2. Kwa mizani inayotumiwa na hospitali ya watoto ya Atlanta, Marekani, chini ya 3.5 ni kawaida, hadi 6.25 ni kidogo, hadi 8.75 ni wastani, hadi 11 ni kali, na zaidi ya hapo ni kali sana. Huyo wa 7.2 yuko wastani. Lakini mtoto akitikisa kichwa tu kipimo kinahama milimita mbili tatu, kwa hiyo pima mara tatu, uchukue namba ya katikati. Kisogo kilichobonyea pande zote mbili kwa usawa hakitaonekana kwa mishazari. Hapo linganisha upana wa kichwa na urefu wake.

Sasa niwaeleze kosa langu. Mwaka wangu wa kwanza kazini, katika kituo kimoja kidogo, mama alimleta mtoto wa wiki 10 kwa chanjo akasema kila akimlaza anageukia kulia. Nilikuwa na haraka. Nikamwambia kitanyooka chenyewe. Mtoto aliporudi na miezi 6, sikio la kulia lilikuwa limetangulia mbele, paji limetokeza, na nilipojaribu kumgeuza atazame kushoto alilia. Msuli wa shingo upande wa kushoto ulikuwa umekaza. Msuli huo ukikaza, kichwa huinamia upande wake na kidevu huelekea upande wa pili, kwa hiyo mtoto hulalia palepale usiku na mchana. Mazoezi ya shingo yangeanza wiki ile ya 10 yangemsaidia sana. Tangu siku hiyo sikadirii ukali wa kichwa kabla ya kuipima shingo: mfanye afuate kitu cha kuchezea chenye sauti au uso wa mama kulia, kisha kushoto, uone anafika wapi. Ikikataa upande mmoja, mpeleke kwa fiziotherapia, hata kama ubapa ni mdogo.

Kuna mtoto mwingine msiyepaswa kumchelewesha. Kichwa kilichobonyea kwa kulaliwa, ukikitazama kutoka juu, kina umbo la msambamba, na sikio la upande uliobonyea liko mbele. Mshono wa fuvu wa kisogoni, yaani pale mifupa ya kichwa inapokutana, ukiwa umefunga mapema, umbo huwa kama trapeza, sikio hilo huvutwa nyuma na chini, na kidole kikipita juu ya mshono kinagonga tuta gumu. Huyo, pamoja na yeyote ambaye mzingo wa kichwa umeacha kufuata mstari wake wa ukuaji kwenye kijitabu cha kliniki, apewe rufaa siku hiyohiyo.

Kwa wengine wote, ulizeni nyumba ilivyo. Kwenye chumba kimoja cha mitaa yetu ya Nyalenda au Manyatta kitanda huegemea ukuta, na mtoto humgeukia mama na mlango uliko mwanga. Mama akimlaza kichwa kule ilikokuwa miguu, mtoto atageuka upande wa pili mwenyewe. Akiwa macho, alazwe kifudifudi kwenye mkeka mara kadhaa kwa siku, mtu akimwangalia. Shingo ikishapata nguvu ya kukishika kichwa, kumbeba mgongoni kwa leso hukipumzisha kisogo na godoro. Nyanya anayetaka kukikanda kichwa kwa kitambaa cha moto msikilizeni kwa heshima, kisha mwombeni aache, afanye kazi ya kumgeuza mjukuu.

Usingizi ubaki wa chali. Marekani walianza kampeni ya kulaza watoto chali mwaka 1994 ili kupunguza vifo vya ghafla usingizini. Vifo vikapungua sana, vichwa bapa vikaongezeka. Mama asikie mambo hayo mawili pamoja, la sivyo atarudi kumlaza kifudifudi kwa hofu ya kichwa.

Wazazi wengine wameona kwenye simu helmeti za kunyoosha kichwa cha mtoto na wako tayari kuuza ng'ombe. Waambieni kwamba utafiti wa Uholanzi uliochapishwa mwaka 2014, kwa watoto 84 wenye ubapa wa wastani hadi mkali, haukuona tofauti kati ya waliovaa na wasiovaa. Wenye ubapa mkali kupita kiasi na wenye shingo iliyokaza hawakuwemo, kwa hiyo hao ni wa kujadiliwa na bingwa.

Andika kwenye kijitabu: tarehe, upande, sikio, paji, shingo, namba kama ipo. Mwombe mama apige picha ya utosi kwa simu yake na aitunze. Wiki ya 6, ya 10 na ya 14 atakuja kwa chanjo, na huku kwetu chanjo ya malaria humrudisha miezi 6 na 7. Kila mara fungua picha ya mwanzo, zunguka nyuma ya kiti, uweke vidole masikioni.