Kabla Hujakubali Kurekodiwa, Mdogo Wangu

Juzi msichana wa miaka 17 anayeishi Turku, hapa Finland, aliniandikia: "Dada, kuna mtengeneza filamu anataka kunifuata na kamera mwaka mzima. Nikubali?" Najua mko wengi mnaotamani kuonekana kwenye skrini kama nilivyotamani mimi, kwa hiyo namjibia hapa.

Nilizaliwa kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, Kigoma, wazazi wakiwa wametoka Uvira, Kongo. Finland tulifika nikiwa na miaka 9. Nilipotimiza 16, mwongozaji mmoja alikuja shuleni akanichagua. Nilifurahi mno! Akanirekodi nikicheza salibandy, ule mpira wa magongo wa ndani ya ukumbi, nikigombana na kaka, nikiwachekesha wenzangu kwa Kifini changu cha haraka haraka. Filamu ilipotoka, ndani yake nimekaa tu dirishani natazama theluji. Nimezungumza mara mbili tu, zote kuhusu vita. Vita ambayo sikuiona hata siku moja.

Tulipokuwa tukiitazama, mama alinigeukia gizani akaniuliza, "Mbona wamekufanya yatima, na mimi nipo?"

Swali hilo sijalisahau. Nilianza kutafuta filamu za hali halisi za Wafini kuhusu vijana. Kwenye Joutilaat ya mwaka 2001, Susanna Helke na Virpi Suutari waliwafuata vijana wasio na kazi wa Suomussalmi, nikaona kwamba hata kijana Mfini hutazamwa kwa jicho la mtu mwingine. Reindeerspotting ya 2010 ni tofauti: Joonas Neuvonen aliwarekodi rafiki zake wa Rovaniemi waliozama kwenye dawa za kulevya, na kamera imo chumbani pamoja nao. Lakini hata humo, anayerekodiwa si yeye anayeamua kipande kipi kibaki.

Ndiyo maana nakwambia, mdogo wangu, usiulize kamera ni nzuri kiasi gani. Uliza nani atakaa kwenye meza ya kuhariri. Uliza kama utaonyeshwa filamu kabla ya watu, na kama neno lako litasikilizwa. Wakisita, kataa. Kukataa si utovu wa adabu, hata kama mtu huyo amekunywa chai kwenu na mama yako anamwita mwanangu. Uliza nani anahariri, nasema tena.

Na ukiweza, jirekodi mwenyewe. Mimi nilitumia simu. Kuhariri nilikwenda Oodi, maktaba ya Helsinki iliyofunguliwa Desemba 2018, ambako studio hulipii, unaweka nafasi tu. Sinema yangu ina dakika 11: mama anatwanga sombe, yaani majani ya muhogo, mimi namfokea golikipa wetu, kaka anaimba vibaya. Vita haimo. Sikuificha, haikuwa yangu kuisimulia.

Wiki iliyopita tuliionyesha kwenye nyumba ya vijana mtaani kwetu. Viti havikutosha. Mama alikaa mstari wa mbele na kitenge chake cha sikukuu, na kila alipojiona na mchi mkononi alimgusa jirani yake Mfini begani: "Ni mimi huyo. Na yule ni binti yangu."